Riba ya mkopo wa nyumba ikipanda, nani abebe mzigo?

JUMANNE, Novemba 1, 2011, Kamati ya Sera ya Fedha ya Benki Kuu ya Kenya (CBK) ilikutana Nairobi na kupandisha kiwango chake cha riba kutoka asilimia 11 hadi 16.5 kwa mpigo mmoja. Mwezi uliofuata kiwango hicho kikafika asilimia 18. Mwishoni mwa Januari mwaka huohuo, kilikuwa asilimia 5.75.

Sababu zilionekana na kila aliyekwenda dukani. Bei za bidhaa zilikuwa zikipanda kwa karibu asilimia 20 kwa mwaka. Shilingi nayo ilikuwa imeporomoka mwezi uliotangulia hadi dola moja ikauzwa takriban Sh107. Benki Kuu iliamua kuifanya mikopo iwe ghali ili kuiokoa sarafu, na sarafu ikaokoka.

Gharama ya uokozi huo iliwaangukia, pamoja na wengine, wafanyakazi wa mshahara waliokuwa wamekopa pesa za nyumba kwa riba ya takriban asilimia 14. Barua za benki ziliwafahamisha kwamba sasa watatozwa zaidi ya asilimia 20. Nyumba ilikuwa ileile, mkopo uleule na mshahara uleule.

Anayekwenda benki leo kutafuta mkopo wa nyumba huuliza zaidi swali moja: riba ni asilimia ngapi? Lakini lipo swali lenye uzito kuliko hilo, na mara nyingi jibu lake limefichwa ndani ya kurasa za mkataba: riba ikipanda, nani ataubeba mzigo?

Kupanda upesi, kushuka polepole

Mkopo wa riba isiyobadilika hukuambia leo utakacholipa kila mwezi, na kiasi hicho hakigeuki kwa muda uliotajwa katika mkataba. Mkopo wa riba inayobadilika umefungwa kwenye kipimo fulani cha soko. Kipimo kikipanda, malipo yanapanda. Kikishuka, mkopaji naye anatarajia nafuu.

Nafuu hiyo ndiyo huchelewa njiani. Agosti 2024 CBK ilianza kupunguza kiwango chake, ambacho kilikuwa kimefika asilimia 13. Kufikia Agosti 2025 kilikuwa asilimia 9.5, yaani pointi tatu na nusu chini. Wastani wa riba ambayo benki zinawatoza wakopaji ulikuwa asilimia 17.2 Novemba 2024. Julai 2025 ulikuwa asilimia 15.2, pointi mbili tu chini. Mapema mwaka huo wa 2025 Benki Kuu ilifikia hatua ya kutuma wakaguzi katika benki kuhakikisha kwamba punguzo linamfikia mteja.

Mikopo yote ya nyumba iliyotolewa na benki nchini ni takriban 30,000, katika taifa la watu zaidi ya milioni 50. Sehemu kubwa ya mikopo hiyo ni ya riba inayobadilika. Kwa hiyo mzigo tayari umeshawekwa kichwani mwa mkopaji, na wengi waliuchukua bila kuonyeshwa uzito wake.

Hesabu inayopaswa kufanywa kabla ya kutia sahihi

Chukulia mke na mume wanaofanya kazi Nairobi na wamepata nyumba Kitengela. Wanakopa Sh6 milioni kwa miaka 20, kwa riba ya asilimia 13 inayobadilika. Malipo yao ya kila mwezi ni takriban Sh70,300.

Katika malipo ya kwanza, Sh65,000 ni riba. Zinazopunguza deni lenyewe ni Sh5,300 tu. Baada ya miaka mitano watakuwa wamelipa zaidi ya Sh4.2 milioni, na bado watadaiwa takriban Sh5.56 milioni. Hakuna hila hapo. Mkopo wowote mrefu huanza hivyo. Lakini ndiyo sababu miaka ya mwanzo ni ya hatari: deni bado ni zima, na kila pointi ya riba inalipiga lote.

Sasa riba ipande hadi asilimia 18 mapema katika mkopo huo. Malipo yanakuwa takriban Sh92,600. Kila mwezi zinahitajika Sh22,300 zaidi, na kwa familia ya mshahara pesa hizo zilikuwa tayari na kazi: karo, matibabu ya wazazi kijijini, nauli.

> Pointi moja tu ya riba inaweza kugeuza mkopo wa miaka 20 kuwa wa miaka 39.

Benki inaweza kuwapa njia ya pili: malipo yabaki palepale, muda wa mkopo urefushwe. Inasikika kama huruma. Fanya hesabu. Riba ikitoka asilimia 13 hadi 14 mwanzoni mwa mkopo huu, na malipo yakabaki Sh70,300, mkopo wa miaka 20 utachukua zaidi ya miaka 39 kumalizika. Riba ikipita kidogo asilimia 14, malipo hayo hayatoshi hata riba ya mwezi, na deni linaanza kukua wakati mwenyewe analipa bila kukosa. Zaidi ya hapo, benki hutaka mkopo uwe umeisha kabla ya mkopaji kustaafu. Aliyekopa akiwa na miaka 40 hana miaka 39 ya kuongezewa.

Kwa wanandoa hawa, riba isiyobadilika ya asilimia 15 ingekuwa malipo ya Sh79,000 kwa mwezi. Ni karibu Sh8,700 zaidi ya wanayolipa katika riba inayobadilika ya asilimia 13. Hiyo Sh8,700 ndiyo bei ya kinga. Wanaoona bei hiyo kuwa kubwa huilinganisha na Sh70,300 za leo. Waliopitia mwaka wa 2011 watailinganisha na Sh92,600.

Kuna nafuu ya kodi, lakini isitarajiwe kumaliza tatizo. Tangu mwisho wa Desemba 2024, mkopaji anaweza kuondoa riba ya hadi Sh360,000 kwa mwaka kwenye mapato yanayotozwa kodi, kutoka Sh300,000 za awali. Wanandoa wetu wanalipa riba ya karibu Sh776,000 katika mwaka wa kwanza pekee.

Hoja ya benki

Wenye benki wana hoja, na si ya kupuuzwa. Pesa wanazokopesha kwa miaka 20 ni amana za watu wanaoweza kuzidai baada ya miezi mitatu, au kesho asubuhi. Benki ikijifunga kukopesha kwa asilimia 12 hadi mwaka 2045, kisha wenye amana wakadai asilimia 14 la sivyo wahamie hati za serikali, benki itapata hasara kila mwezi katika kila nyumba.

Jambo hilo limewahi kutokea. Marekani ilikuwa na vyama vya akiba na mikopo ya nyumba vilivyokopesha kwa riba isiyobadilika kwa miongo mingi kwa kutumia amana za muda mfupi. Riba ya amana ilipopaa mwishoni mwa miaka ya 1970 na mwanzoni mwa 1980, vilijikuta vinalipa zaidi ya vinachopokea. Kati ya 1986 na 1995 zaidi ya 1,000 vilianguka, na serikali ikaingia mfukoni mwa walipakodi.

Bado Wamarekani wengi wanakopa kwa riba isiyobadilika ya miaka 30, kwa sababu aliyewakopesha hawezi kuachiwa hatari peke yake. Taasisi mbili, Fannie Mae iliyoanzishwa 1938 na Freddie Mac ya 1970, hununua mikopo hiyo na kuiuza kwa wawekezaji wanaotaka mapato ya miaka mingi. Aliyekopa huko mwaka 2021 kwa asilimia 3 hakuguswa riba ya mikopo mipya ilipokaribia asilimia 8 Oktoba 2023. Mkenya aliyekopa wakati huohuo kwa riba inayobadilika alipata barua.

Hii ndiyo sababu sikubaliani na wanaosema mkopaji wa Kenya hupenda riba inayobadilika. Hajawahi kupewa nafasi ya kweli ya kuchagua. Hata benki inapotangaza riba isiyobadilika, mara nyingi ni ya miaka michache ya kwanza, kisha mkopo unageuka. Anayeisikia ofa hiyo na aulize: haibadiliki mpaka lini?

Tarakimu moja, kwa wachache

Jaribio la Kenya la kuziba pengo hilo linaitwa Kenya Mortgage Refinance Company (KMRC), lililopewa leseni na CBK mwaka 2020. Wamiliki wake ni pamoja na Hazina ya Taifa, benki na vyama vya akiba na mikopo (Saccos). Tanzania ilitangulia na kampuni ya aina hiyo, TMRC, mwaka 2010.

KMRC haimkopeshi mwananchi moja kwa moja. Huzikopesha benki na Saccos pesa za muda mrefu kwa riba nafuu isiyobadilika, ilimradi nazo zimkopeshe mteja kwa riba ya tarakimu moja. Kwa asilimia 9.5, wale wanandoa wa Kitengela wangelipa takriban Sh55,900 kwa mwezi badala ya Sh70,300. Na wangejua kwamba mwezi ujao ni hizohizo.

Mpango huu ulianza na kikomo cha mkopo cha Sh4 milioni kwa Nairobi na kaunti jirani, na Sh3 milioni kwingineko. Baadaye vikomo hivyo vikaongezwa, kwa sababu bei za nyumba zilikuwa zimeshavipita mbali. Wastani wa mkopo wa nyumba wa benki nchini umekuwa zaidi ya Sh9 milioni.

Ugumu mwingine hauzungumzwi sana. Tarakimu moja inawezekana kwa sababu sehemu kubwa ya pesa za kuanzia ilitoka Benki ya Dunia na Benki ya Maendeleo ya Afrika kwa masharti nafuu. KMRC ilipokwenda sokoni mwaka 2022 na kukopa Sh1.4 bilioni kwa hati fungani, wawekezaji walilipwa asilimia 12.5. Huwezi kukopa kwa 12.5 ili mteja akopeshwe kwa tarakimu moja. Pesa nafuu zikiisha, ama serikali itafidia tofauti au riba ya mteja ipande. Anayetaka mpango huu ukue hana budi kusema ni nani atakayelipa.

Kifuniko cha 2016

Bunge nalo lilijaribu. Mswada wa Jude Njomo, aliyekuwa mbunge wa Kiambu Mjini, ulitiwa sahihi na Rais Uhuru Kenyatta Agosti 2016. Riba ya mikopo ilizuiwa isizidi kiwango cha CBK kwa zaidi ya pointi nne. Kiwango kikiwa asilimia 10, hakuna mkopaji aliyetozwa zaidi ya 14.

Kwa wenye mikopo ya nyumba, ilikuwa ahueni ya haraka. Kwa wafanyabiashara wadogo, benki ziliwafungia mlango na kununua hati za serikali. Kifuniko kiliondolewa Novemba 2019.

Kipimo kipya: KESONIA

Baada ya hapo kila benki ilipanga bei kwa kanuni yake, na mteja hakuweza kulinganisha. Agosti 2025 CBK ilitangaza utaratibu mwingine. Mikopo ya shilingi yenye riba inayobadilika ilitakiwa ifuate kipimo kimoja, KESONIA, ambacho ni wastani wa riba ambayo benki hukopeshana kwa usiku mmoja. Juu yake kila benki inaongeza nyongeza yake, inayobeba gharama zake, faida na hatari ya mteja. Mikopo mipya ilitakiwa kuingia Desemba 1, 2025. Ya zamani ilipewa hadi mwisho wa Februari 2026. Mikopo ya riba isiyobadilika na ile ya fedha za kigeni imeachwa nje.

Hii ni hatua nzuri, na nasema hivyo bila kusita. Sasa riba ina sehemu mbili: moja inayochapishwa na mtu yeyote anaweza kuiona, na nyingine ambayo ni ya benki yako. Mteja anaweza kumwambia ofisa wa mikopo: KESONIA imeshuka, mbona riba yangu iko palepale? Anaweza pia kwenda benki ya pili inayotumia kipimo hichohicho akalinganisha nyongeza tu.

Lakini uwazi hauzuii kipimo kupanda. Ikija tena hali kama ya Novemba 2011, KESONIA itapanda mchana kweupe na malipo yatapanda nayo.

Nani anaweza kuubeba mzigo

Riba inayobadilika si mtego kwa kila mtu. Aliyekopa mwanzoni mwa 2024, kiwango cha CBK kikiwa kileleni, akajifunga kwa asilimia 17 isiyobadilika kwa miaka kumi, alinunua kinga wakati mvua ilikuwa imeshanyesha. Kuhama kunawezekana, lakini kuna mthamini wa kulipwa, wakili, ushuru wa stempu kwenye dhamana mpya, na pengine faini ya kulipa mapema iliyo katika mkataba wa kwanza. Wakati riba iko juu na inaelekea kushuka, inayobadilika ina maana, hasa kwa anayekusudia kumaliza deni katika miaka mitano au sita.

Wakenya wa ng'ambo wana hesabu yao. Riba ya Kenya mara nyingi hupanda kwa sababu shilingi imeanguka, na shilingi ikianguka dola zao zinanunua shilingi nyingi zaidi. Malipo yanaongezeka, lakini na uwezo pia. Kinga hiyo ina mipaka. Mwaka 2024 dola ilitoka takriban Sh160 mnamo Januari hadi karibu Sh130 katikati ya mwaka, ilhali riba za benki zilikuwa bado juu. Aliyekuwa akituma dola zilezile alibanwa pande zote mbili.

Asiye na kinga yoyote ni mwalimu, muuguzi au ofisa wa kaunti ambaye nyongeza ya mshahara huja baada ya mgomo. Kwake shauri langu ni moja: akiipata riba isiyobadilika ya muda mrefu anayoimudu, aichukue, hata ikimgharimu pointi mbili zaidi leo.

Wengi wa watu hao hawaingii benki kabisa. Wanakwenda Sacco, ambako mkopo wa maendeleo kwa kawaida hutozwa takriban asilimia 1 kwa mwezi ya deni lililobaki, hadi mara tatu ya akiba. Wananunua ploti, wanalipa, wanakopa tena, wanachimba msingi. Nyumba inachukua miaka mingi, na wanaojenga hivyo huonekana kama hawajui hesabu. Wanaijua vizuri sana.

Barua ya siku 30

Aliye tayari ndani ya mkopo wa riba inayobadilika ana ulinzi ambao wengi hawautumii. Kifungu cha 84 cha Sheria ya Ardhi ya 2012 kinaitaka benki impe mkopaji notisi ya maandishi ya angalau siku 30 kabla ya kubadilisha riba, ikitaja riba mpya kwa lugha inayoeleweka. Nayo Mahakama ya Juu Zaidi iliamua mwaka 2024, katika kesi ya benki ya Stanbic na kampuni ya Santowels, kwamba kuongeza riba kunahitaji idhini ya Waziri wa Fedha chini ya Kifungu cha 44 cha Sheria ya Benki.

> Siku 90, kisha 40, kisha 45: karibu nusu mwaka kabla ya mnada.

Mambo yakifika pabaya, benki haiwezi kuamka na kuuza. Sheria inadai notisi ya siku 90 ya kurekebisha kosa, kisha ya siku 40 ya kusudio la kuuza, kisha dalali atoe siku 45. Nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya thamani ya soko kwa robo au zaidi, benki ndiyo inayodhaniwa kuwa imekiuka wajibu wake mpaka ithibitishe vinginevyo. Anayepata barua ya kwanza ana nusu mwaka wa kuzungumza, kutafuta mnunuzi mwenyewe au kuhamisha deni. Anayeificha barua drooni anaupoteza muda huo.

Lakini haki hizi zote zinaanza kufanya kazi baada ya riba kupanda. Kinachokosekana ni kitu kimoja kabla ya sahihi. Kila barua ya ofa ya mkopo wa nyumba wa riba inayobadilika ingepaswa kubeba, katika ukurasa wa kwanza na kwa herufi kubwa, malipo ya kila mwezi yatakavyokuwa riba ikipanda kwa pointi mbili, na yatakavyokuwa ikipanda kwa tano. Kompyuta ya benki inazitoa nambari hizo kwa sekunde moja. CBK ina mamlaka ya kutoa miongozo kwa benki, na haihitaji kusubiri Bunge ili kuagiza jambo hilo lianze na mkopo utakaotolewa Jumatatu.